Josh Gibson na winga wa kushoto wa Kaoze

Wiki nzima sijaandika, testi zilinibana vibaya. Leo nina la moyoni, limeanzia jana usiku bwenini kwetu.

Jamaa yangu wa chumba kimoja anafuatilia sana besiboli (usiniulize aliipatia wapi). Akasema Wamarekani walipompa Josh Gibson rekodi mwaka 2024 walimwonea huruma tu. Nikabisha mpaka taa zikazimwa.

Kwa wasiomjua: Gibson alizaliwa Georgia mwaka 1911, akakulia Pittsburgh. Alikuwa mdakaji, yule anayechuchumaa nyuma ya mpigaji akiwa na kinyago cha chuma usoni, anadaka kila mpira unaorushwa. Kazi ya kuvunja magoti na vidole. Na bado akishika gongo, hakuna aliyempiku. Alichezea Homestead Grays na Pittsburgh Crawfords, timu za ligi za weusi, maana ligi kubwa zilikuwa za wazungu watupu. Hakukuwa na sheria iliyoandikwa. Wenye timu walielewana tu.

Alifariki tarehe 20 Januari 1947, miaka 35. Tarehe 15 Aprili mwaka uleule Jackie Robinson akaingia uwanjani na Brooklyn Dodgers, ukuta ukavunjika. Hata miezi mitatu haikupita, jamani! Kaburi lake lilikaa bila jiwe mpaka 1975.

Mwaka 2024 takwimu za ligi za weusi zikaunganishwa na zile kubwa. Wastani wa Gibson ni .372, yaani katika kila zamu 1,000 za kupiga alifanikiwa 372. Akampita Ty Cobb mwenye .367.

Hoja ya jamaa ni kwamba Gibson alicheza na weusi wenzake tu, na mechi zake chache. Mechi chache ni kweli, misimu yao ilikuwa mifupi. Lakini Cobb alicheza na nani? Na wazungu wenzake tu, kuanzia 1905 mpaka 1928! Ukuta ulikuwa mmoja, mbona tunautazama upande mmoja?

Ila sitaki kupendelea. Hadithi zinasema alipiga karibu mipira 800 ya kutoka nje ya uwanja. Hesabu rasmi haifiki hata karibu, kwa sababu mechi nyingi zilikuwa za kuzunguka mijini kucheza na timu yoyote iliyopatikana. Hapo naona sawa. Lililohesabiwa ni lile lililopatikana kwenye magazeti ya zamani, hasa ya weusi wenyewe kama Pittsburgh Courier. Watu walikaa miaka wakifukua mechi mojamoja. Hiyo ndiyo huruma?

Kilichoniuma zaidi ni baba mdogo. Miaka ya themanini alikuwa golikipa kule kwetu Kaoze, na wazee wanasema Muze walikuwa wanamwogopa. Gazeti gani lingeshuka bondeni kuandika hayo?

Likizo hii nashuka na daftari. Nilimpigia simu leo asubuhi, akanitajia kikosi kizima bila kusita, isipokuwa winga wa kushoto. Kama mzee wako alicheza mpira upande ule wa bonde miaka hiyo, muulize, halafu uniandikie hapo chini.