Audrey Hepburn alicheza kwenye mto wetu, na majina ya watu wetu yako wapi?

Maji ya Lualaba yanayopita hapa Lokandu yanashuka mpaka Ubundu, halafu Kisangani. Huko chini, mwanzoni mwa mwaka 1958, mji ukiwa bado unaitwa Stanleyville, alifika muigizaji mwenye sifa dunia nzima, Audrey Hepburn. Alikuja kucheza filamu The Nun's Story, hadithi ya mtawa wa Kibelgiji aliyetumwa Kongo kuuguza wagonjwa. Tusimchanganye na Katharine Hepburn, yule Mmarekani aliyekuja mwaka 1951 kucheza The African Queen kwenye mto Ruiki. Hao ni watu wawili.

Audrey alizaliwa Brussels, Ubelgiji, tarehe 4 Mei 1929. Mama yake alikuwa Mholanzi. Baba aliacha nyumba mtoto akiwa na miaka 6 tu. Vita vilimkuta Uholanzi, na katika njaa ya 1944 na 1945 alikonda vibaya sana. Sisi watu wa Maniema hatuhitaji kuelezwa mtoto anakua namna gani ndani ya vita. Amani iliporudi alikwenda London kujifunza dansi, akaingia jukwaani. Mwaka 1951 alicheza Gigi huko Broadway, New York. Mwaka 1954 alipata zawadi mbili kubwa: Oscar kwa filamu Roman Holiday, na Tony kwa mchezo wa jukwaani Ondine.

Sifa hizo ni zake, alizitolea jasho. Hata kwa filamu hii ya Kongo alipendekezwa tena kwa Oscar. Lakini tuiangalie vizuri. Mkongomani mwenye jina Kalulu amechezwa na Orlando Martins, mtu wa Nigeria. Illunga amechezwa na Errol John, mtu wa Trinidad. Watu wa mto wenyewe tunawaona nyuma, wagonjwa na umati. Tena kuna mmoja anayemuua mtawa kwa maneno ya mchawi. Filamu ilipigwa kwetu, lakini wetu waliosimama mbele ya kamera hiyo, nani anawajua kwa majina?

Mtu atasema, ule ulikuwa wakati wa ukoloni. Ni kweli. Lakini ukoloni ulikwisha mwaka 1960, na sisi tungali tunanyamaza. Kijana aliyekuwa na miaka 20 wakati ule, leo anakaribia 90. Tukingoja zaidi tutauliza makaburi.

Audrey mwenyewe, uzeeni, alitumia jina lake kwa ajili ya watoto ambao dunia haikuwauliza majina. Kwa kazi ya UNICEF alikwenda Ethiopia mwaka 1988, na Somalia mwaka 1992, akiwa karibu na mwisho wake. Alifariki Uswisi tarehe 20 Januari 1993. Alijua njaa, ndiyo maana hakuisahau.

Basi maoni yangu ni haya. Vijana wenye simu, kaeni na wazee, kuanzia Lokandu mpaka Ubundu na Kisangani. Waulizeni: nani alibeba vyombo vya wazungu wa sinema, nani alipiga kasia, nani alisimama mbele ya kamera, alilipwa nini? Redio za Kindu ziwape wazee hao saa moja kwa juma. Na vikundi vyetu vya michezo ya kuigiza, vya shule na vya parokia, viandike kila mara katika daftari jina la mchezo, tarehe, na kila aliyecheza, hata yule aliyesema neno moja tu. Daftari na kalamu havigharimu pesa nyingi. Tusipoandika sisi, wajukuu wetu wataona sura za babu zao katika filamu ya watu, wasijue kwamba ni babu zao.