Jina la Mateso na Wahesabu Herufi

Sote tuliopita mwaka wa kwanza tunaikariri: lugha ni mfumo wa sauti za nasibu. Tunaiandika katika mtihani, tunapewa alama, kisha tunatoka nje ya lango na kuamini kinyume chake. Muhula huu mwenzetu mmoja, kijana mwenye akili na ulimi mtamu, alisimama darasani kutetea elimu ya herufi. Alidai kwamba lugha ina dhahiri na batini. Kwamba isimu yetu imeshika ganda, na kiini wanacho wanaojua kuhesabu majina. Wengi walimpigia makofi. Mwalimu alicheka akaendelea na somo. Mimi sikucheka.

Nianze kwa kumtendea haki. Elimu hiyo haikuzuliwa jana. Abjadi ni mpango wa kale wa kuzipa herufi za Kiarabu thamani ya hesabu: alifu ni 1, be ni 2, ye ni 10, mpaka ghaini iliyo 1000. Watu waliandikia tarehe kwa njia hiyo, na Wagiriki na Waebrania nao walihesabu kwa herufi zao. Hapo hakuna uchawi wowote. Neno linaanza pale jina la mtu linapojumlishwa na la mama yake, jumla ikagawanywa kwa 12, na baki ikatangazwa kuwa nyota yake: 1 ni Punda, 2 ni Ng'ombe, hadi 12, Samaki. Kutoka hapo mtu huambiwa aoe nani, asafiri lini, na jina lake lina nuksi gani.

Sasa tuingie Nakivale. Makazi haya yamepokea wakimbizi tangu kabla ya uhuru wa Uganda, na majina yetu yamebeba safari zetu: Tabu, Shida, Sikujua, Mateso. Jirani yetu mmoja, nimwite Mateso, alizaliwa njiani mama yake alipokuwa akikimbia kutoka Kongo. Binti alipokuwa akiugua mara kwa mara, mama alielekezwa kwa mtaalamu mmoja kando ya barabara Kaberebere. Mtaalamu akahesabu, akatikisa kichwa, akachukua pesa, akasema jina ndilo linalomla mtoto. Binti akasajiliwa kwa mtihani wa darasa la saba kwa jina jipya. Karatasi ya familia bado inamwita Mateso. Anayejua maisha ya mkimbizi anajua maana yake: bila majina kulingana, hakuna ufadhili wa masomo, na hata ukweli kwamba wewe ni wewe unahitaji shahidi.

Mwenzangu, tuhesabu basi, kwa kanuni zako mwenyewe. Mateso ni neno la Kibantu, na hati za Kiarabu hazina herufi ya *e* wala ya *o*. Andika mimu 40, te 400, ye 10, sini 60, wau 6. Jumla ni 516, haibaki kitu, kwa hiyo Samaki. Mwandishi mwingine ataweka alifu baada ya mimu: 517, inabaki 1, Punda. Wa tatu ataiacha alifu na ye, aone irabu inatosha kwa alama ya juu au ya chini: 506, inabaki 2, Ng'ombe. Ni binti yuleyule na jina lilelile, lakini nyota ni tatu. Utasema jina la mama linarekebisha. Halirekebishi, ukiongeza idadi ileile kwenye hesabu tatu zinazotofautiana, zitaendelea kutofautiana. Na usiniambie kuna tahajia moja sahihi, maana karani wa makazi naye ana yake. Nakivale nimeona ndugu wa tumbo moja, mmoja kaandikwa kwa *r* na mwingine kwa *l*. Je, wana nyota mbili kwa sababu ya sikio la karani?

Wahadhiri wetu mnaocheka, nanyi nina neno nanyi. Imani hii haiishii kwa mtaalamu wa barabarani. Idi Amin aliamuru Kiswahili kiwe lugha ya taifa mwaka 1973, askari wakakisema kwenye vizuizi, na hadi leo wazee Mbarara watakwambia ni lugha ya wezi na bunduki. Katiba ilirekebishwa mwaka 2005 kuifanya lugha rasmi ya pili, na mwaka 2022 Baraza la Mawaziri likaidhinisha ifundishwe kwa lazima shuleni. Bado mzazi anamuuliza mwanawe kwa nini anasomea lugha ya majambazi. Huyo naye anaamini maneno yana roho yao, mbali na vinywa vinavyoyasema. Mkikaa kimya kuhusu Mateso, mtamjibu nini mzazi huyo? Nasibu ni nasibu kwa wote wawili, au tuifute kwenye mtihani.

Mama yake hakumpa jina la laana. Alimzaa chini ya mti, akataka pawepo mtu atakayeikumbuka siku hiyo.

Juzi nilimkuta binti Kaberebere akingoja gari la Mbarara, bahasha mkononi, anakwenda kutafuta wakili wa kumwandikia kiapo kwamba watu wawili walio kwenye karatasi zake ni mtu mmoja. Nilimwita kwa jina la kwanza. Aliitika, akasogea nikae.