Hata Nchi Tambarare Yataka Breki

Ipo dhana iliyokwisha kuota mizizi miongoni mwa baadhi ya wenye magari katika sehemu tambarare za nchi yetu. Dhana hiyo yasema kwamba breki ni shida ya watu wa milimani. Kwamba mtu wa Lushoto au wa Mbeya anayo haki ya kuhangaika na breki zake, lakini mtu wa Bukene, ambaye macho yake hayakutani na mlima tangu asubuhi mpaka jioni, aweza kungoja mpaka mavuno yajayo. Dhana hiyo ni potofu, ni ya hatari, na yafaa kupigwa vita bila kuoneana haya.

Bukene imo katika wilaya ya Nzega, mkoani Tabora, kando ya reli ya Tabora hadi Mwanza iliyokamilika mwaka 1928. Ni nchi ya mpunga, karanga, pamba na ng'ombe. Njia zake za vijijini ni vumbi na changarawe wakati wa kiangazi, na tope jeusi la mbuga wakati wa mvua. Katika njia hizo hizo hupita gari la abiria, pikipiki, baiskeli iliyosheheni magunia, mkokoteni wa ng'ombe, kundi la mifugo linalokwenda kunywa maji, na mtoto anayetoka shuleni. Ni kweli kwamba hakuna mlima. Lakini dereva wa milimani huuona mteremko kabla haujamfika, akapunguza mwendo mapema. Katika tambarare hatari haitoi taarifa. Ng'ombe hukatiza ghafla kutoka kichakani, na unyoofu wenyewe wa njia humshawishi dereva akanyage mafuta.

Tufanye hesabu ndogo. Gari lililo katika mwendo wa kilomita 80 kwa saa hupita mita 22 kwa kila sekunde. Kabla mguu wa dereva haujahama kutoka kwenye mafuta kwenda kwenye breki, mita 22 zimekwisha kupotea. Zaidi ya hayo, mwendo ukizidishwa mara mbili, nguvu ambayo breki hulazimika kuituliza haizidi mara mbili tu, bali mara nne. Hivyo basi anayetoka kilomita 40 kwenda kilomita 80 anazidai breki zake kazi mara nne, na barabara ya changarawe haimsaidii, kwa kuwa tairi hushika udongo kwa shida.

Kazi hiyo hufanywa na nani? Sehemu iliyo kubwa hufanywa na magurudumu ya mbele. Gari linapozuiwa, uzito wake huelemea mbele, kama vile mchukuzi wa mzigo anavyoinama anaposimama ghafla. Kwa sababu hiyo breki za mbele hubeba asilimia 60 hadi 70 ya kazi yote, na pengine zaidi. Katika magari mengi madogo tunayoyatumia leo, breki hizo za mbele ni za diski. Kila gurudumu lina pedi mbili, yaani vipande viwili vya chuma vilivyobandikwa tabaka gumu la msuguano, ambavyo hulibana diski kutoka pande zote mbili. Pedi ikiwa mpya, tabaka hilo huwa na unene wa milimita 10 hivi. Likibaki na milimita 3, wakati wa kubadilisha umefika. Likiisha kabisa, chuma hukwaruza chuma. Diski huharibika, na gari halisimami pale linapotakiwa kusimama.

Tena, ndugu msomaji, hata tambarare ina mwisho wake. Gari la Bukene halikai Bukene daima. Likipata safari ya Dar es Salaam litapita Nzega na Igunga, livuke bonde la Wembere, na kuupanda mlima Sekenke ndipo lifike Singida. Siku ya kurudi, likiwa na shehena na abiria waliochoka, litauteremka mlima ule ule. Pedi iliyovumiliwa miezi 6 kwa kisingizio cha tambarare itaulizwa deni lake lote katika mteremko mmoja. Joto litapanda, pedi hafifu itapoteza mshiko, na dereva atakanyaga breki bila kupata jibu.

Historia yetu wenyewe imekwisha kutufunza somo hili kwa machozi. Tarehe 24 Juni, 2002, katika Reli ya Kati hii hii inayopita Tabora, treni ya abiria iliyokuwa na watu zaidi ya 1,000 ilishindwa kuzuiwa katika kilima karibu na Igandu, mkoani Dodoma. Ilirudi nyuma kwa kasi ikagongana na treni ya mizigo, na watu 281 wakapoteza maisha. Treni si gari dogo, na breki zake hazifanani na za gari. Lakini maana ni moja: chombo kisichoweza kusimama hakikupasa kuondoka.

Yuko atakayesema kwamba maneno haya ni mepesi kwa asiyelipa. Atasema kwamba mwenye gari la abiria kijijini hupata kipato kidogo, kwamba vipuri ni ghali, kwamba duka lenye bidhaa halisi liko mbali, na kwamba fundi aliye jirani huuza alichonacho. Hoja hiyo si ya kudharauliwa. Mtu huyo ni mvuja jasho kama wengine, na bila gari lake mgonjwa asingefika Nzega wala mpunga usingefika sokoni. Lakini hebu tuitazame vizuri hesabu yake. Anayenunua pedi hafifu kwa bei ndogo hununua tena baada ya muda mfupi. Anayeiacha pedi mpaka iishe hununua pedi pamoja na diski. Naye anayegonga hununua vitu visivyouzwa dukani. Jambo lililo zito zaidi ni kwamba akiba yote huingia katika mfuko wa mtu mmoja, lakini hasara hugawiwa kwa wengi ambao hawakuulizwa: mama mjamzito aliyeketi kiti cha nyuma, mwenye baiskeli aliyekuwa pembeni mwa njia, mwanafunzi aliyekuwa anavuka. Kwa sababu hiyo pedi ya breki haiwezi kuwa siri ya mwenye gari peke yake.

Basi ni namna gani ya kuchagua? Kwanza, pedi hununuliwa kwa nambari, hainunuliwi kwa kukisia. Magari mawili yenye jina moja na sura moja yaweza kuwa na pedi tofauti kwa kuwa mwaka wa kutengenezwa au injini ni tofauti. Mwenye gari aende dukani na nambari ya chasisi, na ikiwezekana aende na pedi kuukuu ili zilinganishwe umbo na unene.

Pili, asome maandishi yaliyo juu ya pedi yenyewe. Pedi nyingi huwa na herufi mbili pembeni, kama EE, FF au GG. Herufi ya kwanza huonyesha mshiko wa pedi ikiwa haijapata joto kali, na ya pili huonyesha mshiko wake ikiwa imepata joto. F hushika kuliko E, na G hushika kuliko F. Pedi zilizopimwa kwa kanuni za Ulaya huwa na herufi E ndani ya duara pamoja na nambari inayoanza na 90R. Pedi isiyo na alama yoyote, isiyo na jina la mtengenezaji, iliyomo ndani ya kasha lisilo na nambari, ni mgeni asiyetaka kutaja kwao. Hata hivyo walaghai nao hujua kughushi alama. Kwa hiyo mnunuzi achague muuzaji anayejulikana, na adai risiti.

Tatu, achague pedi inayolingana na kazi ya gari. Pedi laini zisizo na chuma kingi hazina kelele na haziumizi diski, lakini hulika upesi na huchoka mapema kwa joto. Pedi zenye chuma kingi huvumilia joto na mzigo, ijapokuwa hupiga kelele na kuila diski zaidi. Zile za kauri hudumu na hazitoi vumbi jingi, lakini bei yake ni kubwa. Gari linalobeba watu na magunia katika vumbi la Nzega halifai kupewa pedi ya gari la kutembelea mjini. Na pedi kuukuu iliyobandikwa tabaka jipya kwa gundi isiyojulikana haifai kwa gari la aina yoyote.

Kuchagua vema ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kufunga. Pedi za mbele hubadilishwa zote nne kwa pamoja, kulia na kushoto. Anayebadilisha upande mmoja hutengeneza gari linalovuta upande mmoja linapozuiwa, na hilo ni shauri la kuipeleka familia mtaroni. Gari lisimame mahali pa sawa, magurudumu ya nyuma yazuiwe, na uzito wake ukae juu ya stendi imara; jeki ni ya kunyanyulia, si ya kutumainiwa na mtu aliyeingia chini. Kalipa ikifunguliwa isiachwe ining'inie kwa mpira wake wa mafuta, bali ifungwe kwa waya. Pistoni irudishwe ndani polepole, huku fundi akitazama kikopo cha mafuta ya breki kisifurike, kwa sababu mafuta hayo huharibu rangi na hayatakiwi kugusa pedi.

Hapo ndipo vumbi la kwetu linapodai heshima yake. Pini ambazo kalipa hutelezea juu yake hukwama kwa mchanga na tope. Zikikwama, pedi moja huisha wakati mwenzake bado ni nzima, na mwenye gari humlaumu muuza duka. Pini hizo zisafishwe na kupakwa grisi maalumu ya breki inayostahimili joto. Unene wa diski nao upimwe na kulinganishwa na kiwango cha chini ambacho mara nyingi kimechongwa juu ya diski lenyewe. Kazi ikiisha, dereva akanyage pedali mara kadhaa gari likiwa limesimama, mpaka iwe ngumu, ndipo aondoke. Asiyefanya hivyo atagundua kosa lake mbele ya ukuta. Na katika kilomita 200 hadi 300 za mwanzo, aepuke kufunga breki kwa nguvu pasipo lazima, ili pedi na diski zizoeane.

Mafuta ya breki yasisahauliwe. Mafuta hayo hunyonya unyevu wa hewa mwaka hadi mwaka, na yakiwa na maji huchemka upesi. Yale ya aina ya DOT 3 yakiwa mapya huchemka kwenye nyuzi 205 za Selsiasi au zaidi, lakini yakiisha kunyonya maji kiwango hicho chaweza kushuka mpaka nyuzi 140. Pedi mpya juu ya mafuta yaliyochoka ni sawa na kubadili mpini ukaacha jembe bovu.

Liko pia jambo linalomhusu fundi mwenyewe, ambaye afya yake haitajwi mara nyingi. Pedi za zamani, na baadhi ya zile zisizojulikana asili yake, zaweza kuwa na asbesto. Shirika la Afya Duniani linasema kwamba asbesto ya kila aina husababisha saratani, na Marekani ilitoa amri ya kupiga marufuku aina iliyokuwa bado inatumika humo mwezi Machi, 2024. Basi fundi asipulize vumbi la breki kwa mdomo wala kwa pampu ya upepo. Alowanishe kwa maji, afute kwa kitambaa, akitupe. Kijana anayejifunza kazi asifanywe fagio la sumu.

Majukumu, basi, yako wazi. Sheria ya Usalama Barabarani ya mwaka 1973 haimruhusu mtu kuendesha gari bovu, na haikutoa msamaha kwa nchi tambarare. Shirika la Viwango na Tume ya Ushindani wana wajibu wa kuwasaka wenye kuingiza na kuuza vipuri bandia, nasi twawaomba wasiishie Kariakoo. Wafike mpaka katika maduka ya vituo vidogo vya reli. VETA inayo njia ya kuupima na kuutambua ujuzi wa mafundi waliojifunza kazi gereji. Mafundi wa Nzega na Bukene waitumie njia hiyo, na wenye magari wawape kazi wale waliopimwa. Mwenye gari amtake fundi amkabidhi pedi kuukuu, aone kwa macho yake zilivyoisha. Na abiria, ambaye ndiye mwenye roho iliyowekwa rehani, asione haya kuuliza anaposikia gurudumu linalia kwa sauti nyembamba ya chuma kila breki inapokanyagwa. Katika pedi nyingi sauti hiyo hutoka kwenye kibati kilichowekwa makusudi ili kionye.

Katika siku za misafara, Wanyamwezi walipobeba mizigo kutoka Tabora mpaka pwani, kirangozi alitangulia mbele. Yeye ndiye aliyejua njia, na aliposimama msafara wote ulisimama. Watu walimwamini kwa kuwa alijua mahali pa kusimama sawasawa na alivyojua mahali pa kwenda. Dereva wa leo amerithi kazi hiyo. Anayechukua nauli ya kuwapeleka watu, na ajue kwamba amelipwa pia ili aweze kusimama.