Njia Iliyopita Shambani kwa Jirani

Tumepokea barua kutoka Tala, Kaunti ya Machakos, ya dada yetu mmoja aliyetoka pwani akaolewa huko, na ambaye sasa ni mjane. Nyumba yake iko nyuma ya shamba la jirani. Kwa zaidi ya miaka 25, yeye, marehemu mumewe na watoto wao wamepita ukingoni mwa shamba hilo kwenda barabarani, sokoni na kisimani. Sasa jirani amepata notisi kwamba shamba lake latakiwa kwa mradi wa umma. Jirani atalipwa. Dada yetu anauliza: mimi ambaye si ardhi yangu inayochukuliwa, bali njia yangu, nina haki gani?

Swali hili ni zito. Serikali ikishalipa fidia kamili na kuitwaa ardhi, sheria ya Kenya huiweka mikononi mwake ikiwa haina haki ya mtu mwingine juu yake. Njia ile hufa, na thamani ya nyumba huporomoka ingawa hakuna hata tofali moja lililoguswa.

Haki ya kupita katika ardhi ya mwingine si fadhila tu. Wanazuoni wetu wa fiqhi waliipa mlango wake, wakaiita irtifaki, wakaiweka humo pamoja na haki ya kunywesha na ya kupitisha maji. Nayo Katiba ya 2010, katika ibara ya 40, haimlindi mwenye hati peke yake. Inakataza mtu kunyang'anywa mali, au maslahi yoyote katika mali, au haki yoyote juu yake, pasipo fidia ya haki inayolipwa kwa ukamilifu na bila kuchelewa. Na Sheria ya Ardhi ya 2012 yaitaka Tume ya Kitaifa ya Ardhi imkadirie fidia yake mbali kila mtu iliyemthibitisha kuwa na maslahi katika ardhi ile. Kwa hiyo dada yetu asikae kungoja jirani amkatie fungu katika malipo yake. Fungu lake, likithibitika, ni lake.

Hatari iko kwenye notisi. Sheria hiyo, katika kifungu cha 107, inawataja wanaopaswa kujulishwa: wale ambao maslahi yao yameandikwa katika sajili ya ardhi, wanaoikalia ardhi yenyewe, na wake au waume zao. (Kinamama wazingatie neno hilo la mwisho, wengi hudhani barua ni ya mume tu.) Lakini anayepita tu, na njia yake haikuandikwa popote, yumkini hataletewa karatasi yoyote. Lazima ajitokeze mwenyewe. Kikao cha kusikiliza madai hakifanywi kabla ya siku 30 kupita tangu tangazo la kusudio la kutwaa, na siku yake hutangazwa angalau siku 15 kabla. Dai la maandishi liifikie Tume kabla ya siku ya kikao au siku hiyo hiyo, si baada yake.

Atathibitisha vipi? Sheria ya Ukomo wa Mashtaka, katika kifungu cha 32, yasema njia iliyotumiwa kwa amani, waziwazi, kama haki na bila kukatizwa kwa miaka 20 huwa haki kamili. Maneno "kama haki" ndiyo yenye kesi. Aliyeomba ruhusa kila mara, akapewa kwa hisani, hupata tabu kudai haki. Kupiga hodi kwa adabu ni jambo jingine, nasi tusingependa adabu zetu zigeuzwe ushahidi dhidi yetu. Basi atafute wazee walioijua njia hiyo, picha za zamani, ramani ya upimaji ikiwa inaionyesha, na jirani mwenyewe, ambaye hapungukiwi kitu kwa kusema kweli. Na kama ardhi yake bado imo katika jina la marehemu, aanze shughuli za mirathi sasa. Waislamu wanaweza kwenda Mahakama ya Kadhi.

Katika kudai kiasi, asihesabu upana wa njia. Ahesabu kilichopungua katika nyumba na ardhi yake kwa kuikosa, na gharama ya kupata njia nyingine.

Watu wa pwani wanakumbuka ya Lamu. Tarehe 30 Aprili 2018, Mahakama Kuu ya Malindi iliamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe shilingi bilioni 1.76 kwa sababu ya bandari mpya. Kesi hiyo haikuwa ya kutwaa shamba, na hakuna mvuvi aliyekuwa na hati ya bahari. Walichokuwa nacho ni matumizi ya miaka mingi, nao walikwenda kuyasema.

Dada yetu ametuandikia kwamba siku ya kikao bado haijatangazwa. Tumemjibu aandike dai lake wiki hii, alipeleke katika ofisi ya Tume, na nakala yake igongwe muhuri wa kupokelewa.