Dawa ya Deni ni Kulipa



Si mara moja wanatume wetu wamempokea mzee mstaafu au mjane wa mfanyakazi, hukumu mkononi. Mahakama imeamuru alipwe kiinua mgongo, na mwajiri hajalipa. Ombi lake huwa moja: mkubwa yule afungwe kwa kudharau mahakama. Uchungu wake twauelewa. Hata hivyo hatuna budi kumweleza ukweli.

Shauri la kudharau mahakama liliwekwa ili kulinda heshima ya amri za mahakama, wala si kukusanya madeni. Humwadhibu mkaidi kwa faini au kifungo, lakini kifungo chake hakitii hata shilingi moja mfukoni mwa mjane. Tena, kwa kuwa uhuru wa mtu umo hatarini, mahakama za Kenya hudai ushahidi mzito kuliko ule wa kesi za kawaida za madai: amri iwe wazi, mdaiwa awe ameijua, na ukaidi uwe wa makusudi. Amri isemayo tu kwamba mfanyakazi apewe haki zake kisheria, bila kutaja kiasi wala tarehe, humwachia mkaidi mlango wazi. Wala shauri hilo haliwezi kuongeza malipo ambayo hukumu haikuyataja.

Kwa mwajiri wa kampuni, njia ya kawaida ni kukamata mali yake au fedha zake zilizo benki. Kwa Serikali mambo ni magumu zaidi. Kifungu cha 21 cha Sheria ya Mashauri ya Serikali chakataza kukamata mali yake. Mdai hupata kwanza hati ya amri, kisha huiomba Mahakama Kuu imlazimishe afisa mhasibu wa wizara kulipa. Afisa huyo akikaidi, ndipo shauri la kudharau hufunguliwa. Hapo ndipo penye dhuluma: ng'ombe wa raia aweza kunadiwa kwa deni, lakini raia anayeidai Serikali huachiwa fimbo hii moja, nayo baada ya safari ndefu.

Kuchelewa huko kuna gharama. Mwaka 2008 walimu wapatao 52,000, waliostaafu kati ya 1997 na 2007, walishinda kesi ya pensheni mjini Nakuru. Miaka mingi baadaye wengi walikuwa wangali wakidai, na wengine walikuwa wamekwisha kuzikwa.

Basi yafaa nini? Viongozi wa jumuiya, mwambieni mfanyakazi atunze barua ya kuajiriwa na hati za mshahara. Kabla hukumu haijaandikwa, wakili wake aombe itaje kiasi, tarehe ya kulipa na anayewajibika kulipa. Amri ikishatolewa, akabidhiwe mhusika mwenyewe, na aliyeipeleka aape kiapo cha kuthibitisha. Nasi wapiga kura tuwaulize wabunge wetu kila mwaka: je, bajeti imetenga fedha za kulipa hukumu hizi?

Kumfunga mkaidi kwaweza kuituliza hasira yetu kwa siku moja. Lakini wahenga walikwisha kusema: dawa ya deni ni kulipa. Tusichoke kudai malipo yenyewe, wangali hai wanaostahili kuyapokea.