Polisi Wanalinda Duka la Nani?



Kila mara watu wakitoka barabarani kudai haki yao, wakubwa hutoa jibu moja: "Tunalinda biashara." Neno hili ni tamu masikioni. Leo nataka tulipime, maana chini yake wamezikwa watu wengi.

Kwanza niseme wazi, asije mtu akatusingizia. Aliyevunja duka tarehe 25 Juni 2025 akabeba mali ya mwenzake ni mwizi, wala si mpigania haki. Katika maduka yaliyoporwa Nairobi siku ile yalikuwamo ya wafanyabiashara wadogo, watu wa kukopa mtaji na kulala na njaa ili duka lisimame. Hatumtetei mwizi. Twataka akamatwe, ashtakiwe, ahukumiwe.

Lakini twauliza: maduka yale yalipokuwa yakivunjwa, ulinzi ulikuwa wapi? Seng'enge zilizungushiwa Bunge na Ikulu. Mama mwenye duka akaachiwa kufuli lake na Mungu wake.

Kisha tarehe 9 Julai 2025 Rais William Ruto akasema kwamba anayechoma biashara ya mwingine apigwe risasi ya mguu, apitie hospitali akienda kortini. Ndugu zangu, mguuni mna mshipa mkubwa wa damu. Ukikatwa, mtu aweza kufa kabla hajaiona hospitali, sembuse korti. Na ni nani atakayeamua, katikati ya moshi na mbio, kwamba huyu ni mchomaji na yule ni mpita njia? Ibara ya 50 ya Katiba ya 2010 inasema mshtakiwa ahesabiwe hana hatia mpaka kosa lithibitishwe. Risasi haina sikio la kusikiliza utetezi.

Mimi nilisomea ualimu. Mwalimu akichapa darasa zima kwa sababu hakumwona aliyepiga kelele, amekiri mbele ya watoto kwamba kazi imemshinda. Polisi nao ni vivyo hivyo.

Wanasema wanalinda biashara. Basi tuitazame tarehe 17 Juni 2025. Wahuni wenye mijeledi na virungu waliingia katikati ya Nairobi, wakapiga watu na kuwaibia, na polisi wakaonekana pamoja nao. Siku hiyohiyo askari alimpiga risasi ya karibu kijana mchuuzi wa barakoa. Kijana yule akafa tarehe 30 Juni. Je, yeye hakuwa mfanyabiashara? Duka lake lilikuwa mkononi mwake!

Tarehe 7 Julai polisi wenyewe wakafunga barabara za kuingia Nairobi. Wenye maduka na vibarua wakarudishwa njiani. Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu ikahesabu, katika hesabu yake ya siku iliyofuata, watu 31 waliokufa nchini siku ile. Duka limefungwa, mnunuzi amezikwa. Biashara gani hiyo iliyolindwa?

Jambo hili si geni. Tarehe 16 Machi 1922 watu walikusanyika Nairobi kudai Harry Thuku afunguliwe. Askari wakawafyatulia risasi, na yasimuliwa kwamba walowezi waliokuwa barazani pa hoteli ya Norfolk nao wakapiga. Mkoloni amekwenda. Mbona desturi yake tumeiweka kama urithi?

Nanyi wenye maduka, msikubali kugombanishwa na watoto wenu. Mwaka 2024 vijana waliukataa Mswada wa Fedha, na tarehe 26 Juni Rais akatangaza kwamba hatautia sahihi. Nafuu ile mliipata ninyi pia, na damu ilikuwa ya wengine.

Kwa hiyo twadai haya:

1. Askari wawekwe kwenye mitaa ya maduka madogo, wamkamate mwizi kwa mkono na kumpeleka mahakamani.
2. Kila askari awe na uso wazi na namba inayosomeka.
3. Wahuni wa kukodiwa wakamatwe, na aliyewalipa pia.
4. Ibara ya 37, inayotupa haki ya kuandamana kwa amani bila silaha, iheshimiwe.

Nasi wanachama tuna kazi yetu. Tukiandamana, tuwe na walinzi wetu wa safu, tumtoe mwizi katikati yetu kabla hajafika dukani. Anayedai haki hawezi kumdhulumu jirani.

Mali huchumwa tena. Mtu akiisha kuzikwa, hakuna soko la kumnunua mwingine.

Umoja ni nguvu!