Kore-eda si Ozu wa pili

Mwandishi, asante kwa makala, lakini hapo uliposema mwongozaji filamu wa Kijapani Hirokazu Kore-eda ni mrithi wa mkongwe Ozu nakupinga. Mwenyewe amewahi kusema anajiona karibu zaidi na mwongozaji Mikio Naruse, hata na Ken Loach wa Uingereza. Angalia alikotoka: alikuwa akitengeneza vipindi vya maisha halisi vya televisheni kabla ya filamu yake Maborosi mwaka 1995. Ndiyo maana watoto kwenye filamu zake hawaonekani kuigiza. Hawapi skripti, anawaambia maneno kwa mdomo palepale wanaporekodi. Nobody Knows (2004) ilirekodiwa kwa takriban mwaka mzima, watoto wakikua mbele ya kamera, na Yuya Yagira akatwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume kwenye tamasha la filamu la Cannes akiwa na miaka 14 tu! Mimi ni kifungua mimba, nimewapikia na kuwalaza wadogo zangu mama akiwa safarini, na sijaona filamu nyingine iliyoonyesha mzigo ule wa mtoto kulea wadogo zake bila kulazimisha machozi. Na wewe ndugu hapo juu unayesema filamu zake zinachosha, tafuta Shoplifters, iliyochukua tuzo kuu ya Cannes, Palme d'Or, 2018, uitazame hadi mwisho kisha urudi tujadiliane.